Hivi standadi za wazi za kadi za picha, yaani GPU (OpenCL, Vulkan, SYCL) zina faida gani kama kila programu inadai CUDA?

#1 Fundi wa Mwanga
Wakuu, habari za jioni. Niko Mwanga, Kigoma, kazi yangu ni video za harusi na kwaya. Kompyuta yangu ina kadi ya RX 580 ya GB 8, mtumba wa Kariakoo. Kukata na kurenda haina shida, programu yangu ya kuhariri, Resolve, inaiona na inaitumia vizuri. Sasa hawa wa kwaya wameanza kutaka maneno ya wimbo yatokee chini ya video. Nikaambiwa siku hizi kuna programu inasikiliza sauti na kuandika yenyewe. Nimeshusha moja kwa bando la usiku, nikaiwasha, ikaniambia haioni CUDA, kwa hiyo itatumia prosesa. Wimbo mmoja naenda kula, narudi, bado unaandikwa.

Kusomasoma nikakuta CUDA, njia ya kuipa kadi ya picha kazi za hesabu, ni ya NVIDIA peke yake. Nikakuta pia kuna OpenCL, standadi ya wazi ya kampuni zote, ipo tangu 2008. Swali langu: kama kitu cha wote kipo miaka yote hiyo, kwa nini watu wanaandika kwa lugha ya kampuni moja? Ni uvivu, ni hela, au hiyo standadi yenyewe ni mbovu?

#2 Migebuka Mbichi
Nimekaa siti ya mbele. Ngoja waje wenye vichwa.

#3 Mama Kodi
Mkuu, si uvivu. CUDA ilitoka 2007 na haikutoka mikono mitupu. Siku ya kwanza ilikuja na cuBLAS kwa hesabu za matriki na cuFFT kwa Fourier. Mwaka 2014 wakaongeza cuDNN kwa mitandao ya neva. Anayeandika programu ya kusikiliza sauti haandiki mwenyewe namna ya kuzidisha matriki, anaita maktaba iliyokwisha nyooshwa na mafundi wanaolipwa mshahara kwa kazi hiyo tu.

OpenCL ni waraka. Waraka unakwambia kadi inatakiwa kujibu nini ukiiita, haukupi maktaba. Mwaka 2012 AlexNet, mtandao wa neva wa kutambua picha, ilifundishwa kwa kadi mbili za NVIDIA GTX 580, kwa CUDA, na kila aliyetaka kurudia kazi ile alianzia palepale. Basi, mbio ziliishia hapo.

#4 TisaNukta
Mama Kodi unawapa NVIDIA sifa nyingi mno. Muuaji wa OpenCL ni Apple. Apple ndio walioiandika, wakaipeleka Khronos, kikundi cha kampuni kinachosimamia standadi, 2008, mwisho wa mwaka ule toleo 1.0 likapitishwa, 2009 ikaingia kwenye Snow Leopard, mfumo wa Mac wa wakati ule. Mambo moto. Halafu 2014 wakaleta Metal yao, na 2018 wakatangaza OpenCL na OpenGL zote ni za kuachwa. Aliyeianzisha ndiye aliyeikimbia, wengine wangebaki kwa sababu gani?

#5 Nyuki wa Sikonge
Mwangaluka wakuu, salamu kutoka Tabora. Mbona hii habari ni ya reli tu? Mjerumani aliweka reli ya upana wa mita moja, ikafika huko kwenu mwisho wa reli 1912. Leo SGR ni milimita 1435. Behewa la huku haliendi kule. Mwenye reli ndefu na stesheni nyingi ndiye anayeamua behewa litengenezwe vipi, hata kama upana wake si mzuri kuliko wa mwingine. NVIDIA ana reli ndefu. Kwisha habari.

#6 Binti Ujiji
Nyuki, mwaka 1912 reli ilifika Tabora. Kigoma ilifika 1914. Msituibie miaka miwili halafu mtuite mwisho wa reli.

Na ukitaka mfano wa reli uchukue wote. TAZARA ni 1067, reli ya kati ni 1000, tofauti ya milimita 67 tu, lakini pale Kidatu mzigo lazima ushushwe huku upandishwe kule. Kwa hiyo tofauti ndogo inatosha kukwamisha, hapo uko sahihi. Ila mfano wako unaishia hapo. Upana wa reli ni namba moja, unapima na futi kamba unamaliza ubishi. OpenCL ni mamia ya kurasa, na kampuni mbili zinaweza zote kusema "tumetimiza" huku programu yako inakwenda kwa mmoja na kuanguka kwa mwingine.

#7 Nyuki wa Sikonge
Sawa dada, 1914. Stesheni yenu ni nzuri, hilo sibishi.

#8 Kusi la Juni
Hapo kwa Binti Ujiji ndipo penyewe. Wengi wanaruka kisa cha OpenCL 2.0. Ilitoka 2013 na ikalazimisha mambo mazito: kadi na prosesa kutumia anwani moja za memori, kadi kujipangia kazi yenyewe bila kuiuliza prosesa, na mengine. AMD na Intel wakaingia. NVIDIA hawakuvuka 1.2 miaka nenda rudi. Mwandishi wa programu anayetaka kufika kwa watu wote angefanyaje? Akaandika 1.2 ileile, ya 2011.

Mwaka 2020 Khronos wakatoa OpenCL 3.0, na ukiisoma utacheka kidogo: msingi wa lazima ni 1.2, karibu yote ya 2.x yamekuwa hiari. NVIDIA wakaipokea mwaka uliofuata. Yaani miaka saba ya kwenda mbele, halafu namba ikapanda na sharti likashuka. Mimi nasema kosa ni la kamati. Ilidai mengi kwa watu wasiotaka.

#9 Mama Kodi
@Kusi la Juni kamati ya Khronos ni kampuni zenyewe. NVIDIA walikuwa ndani ya kile chumba tangu mwanzo. Mtu yumo kwenye kikao, anapiga kura, akirudi nyumbani hafanyi haraka kwa sababu ana CUDA ya kuuza. Unailaumu kamati kwa nini?

#10 Kusi la Juni
Nailaumu kwa kuandika sheria huku ikijua mmoja hatazitii.

#11 Mzee wa Draiva
Vijana, mnaongea siasa tu. Mimi niliwahi kuandika keneli za OpenCL (vijiprogramu vinavyokwenda ndani ya kadi) kwa mkono, niwaambie kilichonitoa jasho.

Kwa OpenCL ya kawaida unapeleka maandishi ya keneli yakiwa mabichi, na draiva ya kadi (programu inayoiendesha) ndiyo inayoyakompaili, yaani kuyageuza lugha ya mashine, palepale kwenye mashine ya mteja. Maana yake kila kampuni ina kompaila yake, yenye vituko vyake, na wewe hujui mteja ana toleo gani. CUDA unakompaili kwako, unapeleka kilichokwisha chujwa. Baadaye Khronos waliona tatizo wakaleta SPIR-V, lugha ya katikati. Lakini kwenye OpenCL 3.0 hata hiyo ni hiari.

La pili ni kasi. NVIDIA wanaendesha kazi kwa mafungu ya nyuzi 32, yaani vipande 32 vya kazi vinavyokwenda pamoja. AMD wa zama za RX 580 wanakwenda kwa mafungu ya 64. Ukipanga keneli yako kwa hesabu ya 32, kwenye AMD itakwenda na jibu litakuwa sahihi, lakini nusu ya fungu inaweza kukaa bure. Standadi inakuhakikishia jibu, haikuhakikishii mwendo. Sasa kwa kadi mtu ananunua nini, kama si mwendo?

Kwa hiyo ukitaka kasi kila mahali unaishia kuandika keneli mara mbili au tatu, moja kwa kila ukoo wa kadi. Hapo mtu anajiuliza faida ya standadi ni ipi, anachagua ukoo wenye wateja wengi, analala.

#12 Fundi wa Mwanga
Asanteni sana, nasoma kila kitu. Ila wakuu, mimi ni fundi video. Kwaya inataka kazi Jumamosi. Kadi yangu itatumika au niiuze?

#13 Binti Ujiji
Usiuze. Tafuta whisper.cpp, nayo inaandika sauti, ina njia ya Vulkan, standadi nyingine ya wazi. Haihitaji CUDA, haihitaji ROCm (mfumo wa AMD wa kazi za hesabu), inahitaji draiva ya kawaida ya kadi tu. Inakutolea faili la SRT lenye maneno na muda wake, unaliingiza Resolve moja kwa moja.

Usihangaike na ROCm ya AMD. Ukoo wa Polaris, ambao RX 580 yako imo, walishauondoa kwenye orodha rasmi. Watu wanalazimisha kwa mbinu, ila si kazi ya mtu mwenye kwaya ya Jumamosi.

#14 Bandari Kavu
Kabla ya yote, Fundi, hiyo RX 580 ni ya viini 2304 au ya 2048? AMD walitoa nyingine kwa soko la China inaitwa RX 580 2048SP, ndani ni kama RX 570. Mitumba mingi ni ya hiyo, na wachimba sarafu za kidijitali waliimwaga sokoni baada ya Ethereum kuacha uchimbaji Septemba 2022. Endesha clinfo, programu inayoonyesha sifa za kadi, angalia mstari wa "compute units". Zikiwa 36 ni yenyewe. Zikiwa 32 umeuziwa mdogo wake.

#15 Fundi wa Mwanga
32.

#16 Migebuka Mbichi
😂😂😂 Pole kaka. Kariakoo haina huruma.

#17 Bandari Kavu
Usiumie sana. Memori ni GB 8 zilezile, na kwa kazi ya kuandika sauti hiyo ndiyo inayokuokoa. Angalia tu feni na ubadilishe ile dawa ya joto, kadi za uchimbaji zimekesha sana. Pawasaplai usiweke ya elfu ishirini.

#18 Mwalimu wa Kasulu
Niongeze sababu ambayo hamjaitaja: mafunzo. Chuoni somo la hesabu sambamba kwa GPU tulilisoma kwa CUDA mwanzo mpaka mwisho, kwenye maabara yenye mashine chache. Nimerudi Kasulu, vijana wangu wana laptopu za Intel HD za mtumba. Kila kitabu ninachowapa kinaanza na "sakinisha CUDA". Mwanafunzi anafunga kitabu.

Ninachofanya sasa ni kuanza na OpenMP. Ni standadi ya wazi pia, tangu 1997, na kompaila ya GCC inayo. Kijana ana kitanzi cha kujumlisha namba milioni kadhaa, anaongeza mstari mmoja juu yake, prosesa nne zinafanya kazi pamoja na saa inaonyesha tofauti. Wakishaelewa kugawana kazi, na kwa nini nyuzi mbili zikiandika sehemu moja jibu linaharibika, ndipo nawapa OpenCL kwa PoCL, ambayo inaendesha keneli kwenye prosesa bila kadi yoyote. Haina kasi ya kutisha, lakini somo linakwenda.

#19 Nyuki wa Sikonge
Mwalimu, hizo Intel HD zenyewe si zina OpenCL? Ya kwangu HD 4000 inaonyesha 1.2 kwenye Windows.

#20 Mwalimu wa Kasulu
Zipo, kweli, HD 4000 inayo. Shida yangu ni kwamba darasani kila laptopu ina Windows yake na draiva yake. Nikifundisha kwa PoCL wote tunaona kitu kimoja.

#21 Mzee wa Draiva
Umeona? Standadi moja, na mwalimu bado anakimbilia kompaila moja ili awe na amani. Nilisema.

#22 Kusi la Juni
Mzee, usishangilie mapema. Mwalimu kanikumbusha kazi yangu, niwape mfano wa huku kwetu.

Nachezea modeli ya maji ya Ziwa Tanganyika: kusi ikivuma kuanzia Mei inasukuma maji ya juu kwenda kaskazini, na huko kusini maji baridi yenye rutuba yanapanda. Wavuvi wanajua matokeo yake bila kompyuta. Ziwa lina urefu wa kilomita 670 hivi na upana unaofika 72. Gawa vimraba vya nusu kilomita, unapata 1340 kwa 144, weka tabaka 50 kwenda chini: karibu vimraba milioni 9.6 kabla hujaondoa nchi kavu. Kila hatua ya muda, kila kimraba kinamwangalia jirani yake na kubadilika.

Hesabu yenyewe kwa kila kimraba ni ndogo. Kinachochelewesha ni kuleta namba kutoka memori. RAM ya DDR3-1600 ya chaneli mbili inatoa GB 25.6 kwa sekunde. RX 580 kamili ni 256. Mara kumi, hata ya Fundi ikiwa chini kidogo. Na hapa ile hoja ya 32 na 64 inapungua uzito, maana memori ndiyo kizuizi, si mpangilio wa nyuzi. Programu yangu imeandikwa kwa lugha ya Fortran yenye OpenMP, na tangu OpenMP 4.0 ya 2013 unaweza kuusukuma mzigo kwenye kadi kwa mistari ya maelekezo tu. Kwa kazi za namna hii standadi ya wazi haikupunguzii mwendo kwa kiasi cha kulia.

#23 Mzee wa Draiva
Kwa memori nakubaliana. Kwa matriki sikubali. Kwenye matriki ndiko pesa iliko.

#24 Migebuka Mbichi
@Kusi la Juni hiyo modeli inaweza kuniambia dagaa watapatikana lini? Bei Kibirizi imekuwa ya kibabe.

#25 Kusi la Juni
Haiwezi. Angalia mwezi kama babu yako.

#26 Kijana wa Gungu
Nyie mnabishana mambo ya zamani, mbele ni WebGPU ya Khronos. Unaandika mara moja inakwenda kwenye Chrome, Windows, Mac, mpaka simu. Mchezo umeisha.

#27 Binti Ujiji
WebGPU ni ya W3C, wanaosimamia standadi za wavuti. Ya Khronos ni WebGL. WebGPU iliwashwa kwenye Chrome 113 mwaka 2023, na kwenye Android mwanzoni mwa 2024. Ni nzuri, na kweli inaruhusu hesabu za kawaida, si picha tu. Ila chini yake inapita Vulkan, Metal au Direct3D 12, kutegemea mashine. Kwa hiyo kila penye mfumo bado kuna mtu anayeandika draiva.

#28 Kijana wa Gungu
W3C, Khronos, wote ni kamati tu. Hoja yangu iko palepale: simu ya Android ya mtu wa kawaida haiji na OpenCL kama sehemu ya mfumo, Vulkan inakuja tangu Android 7. Watu wengi wana simu, hawana RX 580, hata hiyo ya China.

#29 Fundi wa Mwanga
Mnanisimanga sasa 😅

Mrejesho: whisper.cpp kwa Vulkan imeiona kadi. Wimbo uliokuwa unanikesha sasa unamalizika kabla sijafungua mradi wa pili. Kiswahili inaandika vizuri, majina ya watu inayavuruga. Ubeti wa Kiha ndio balaa, imeandika maneno ambayo hata mwimbaji mwenyewe ameshindwa kuyasoma. Asante Binti Ujiji.

#30 Binti Ujiji
Karibu. Kiswahili kimo kwenye modeli, Kiha hakimo. Ubeti huo uandike kwa mkono.

#31 Mama Kodi
Ila tuangalie kilichotokea hapa. Fundi kaokolewa na standadi ya wazi, lakini si ile iliyotengenezwa kwa kazi hiyo. Vulkan ilitoka 2016 ikitokana na Mantle ya AMD, kwa ajili ya gemu. Gemu ndizo zimelazimisha kila kampuni kuwa na draiva nzuri ya Vulkan, mpaka kwenye kadi za zamani. OpenCL haikuwa na mteja mwenye kelele kama wacheza gemu. Mimi naongeza hiyo kwenye sababu.

#32 TisaNukta
Kwa hiyo tukubaliane OpenCL imekufa.

#33 Bandari Kavu
Imekufaje? Resolve ya Fundi inaitumia kwenye hiyo kadi ya AMD. hashcat ya kupasua nywila, darktable ya kusafisha picha, zote ziko juu yake. Kwenye Linux kuna Rusticl ndani ya Mesa, mkusanyiko wa draiva za wazi, imeandikwa upya kwa lugha ya Rust, imeingia 2022. Ukweli ni kwamba Blender, programu ya picha za 3D, waliitoa 2021 kwenye toleo 3.0, wakaweka HIP, mfumo wa AMD wenyewe, baadaye oneAPI ya Intel. Hapo OpenCL ilipigwa. Kufa ni jambo jingine.

#34 Mzee wa Draiva
Na hiyo HIP iangalieni. Amri ya CUDA iitwayo cudaMalloc wameiita hipMalloc. AMD walipochoka kusubiri standadi waliamua kumfuata jirani neno kwa neno. Hii inaniambia kwamba CUDA imekuwa standadi bila kikao. Imekosa uwazi tu.

#35 Mama Kodi
Kukosa uwazi si "tu", Mzee. Leseni ya CUDA ina kifungu kinachokataza kufumua kilichotengenezwa na vifaa vyake ili kukihamishia kwenye kadi zisizo za NVIDIA. Leo unaandika bure, kesho mlango uko kwa mwingine. SYCL imekuja kwa ajili hiyo: C++ ya kawaida, toleo la 2020, Intel wameishikilia na wakanunua kampuni ya Codeplay 2022.

#36 Mzee wa Draiva
Intel wameishikilia. Apple nao waliishikilia OpenCL.

#37 Nyuki wa Sikonge
😂 Hapo Mzee kamaliza. Wakuu naomba nichepuke: nina laki saba, nataka laptopu ya kujifunzia haya mambo. Nitafute yenye NVIDIA ya zamani au Ryzen yenye kadi ya ndani?

#38 Mwalimu wa Kasulu
Kwa hela hiyo tafuta RAM 16 kwanza. Kadi ya NVIDIA ya GB 2 itakunyima modeli nyingi. Ryzen ya ndani ina Vulkan na inakopa RAM ya mashine.

#39 Mama Kodi
Na mimi nasema chukua NVIDIA hata ndogo. Ajira ziko huko, Mwalimu asikudanganye.

#40 Mwalimu wa Kasulu
Ndiyo maana vitabu haviishi kuanza na "sakinisha CUDA".

#41 Binti Ujiji
@TisaNukta hujajibu kitu. Kama muuaji ni Apple, mbona kwenye Windows na Linux, ambako Apple hana sauti, watu walikwenda CUDA miaka kadhaa kabla ya hiyo 2018?

#42 TisaNukta
Nitajibu kwa kirefu, umeme umekatika hapa, niko kwenye simu.

#43 Bandari Kavu
Huko kwenu umeme unakatika ukibanwa tu.